Muindi Mbingu na Ng'ombe wa Ngelani: Biashara, Dola na Haki katika Machakos ya Mwaka 1938

Mijadala kuhusu maadili ya biashara na uwajibikaji wa kampuni kwa jamii huendeshwa aghalabu kana kwamba fikra hizo zililetwa Afrika Mashariki juzi tu, zikiwa zimefungashwa ndani ya vitabu vya uchumi kutoka ng'ambo. Kitabu cha Mmarekani Howard Bowen kuhusu majukumu ya kijamii ya wafanyabiashara, ambacho wataalamu wengi hukihesabu kuwa ndicho kilichoasisi taaluma hiyo, kilichapishwa mwaka 1953. Mwaka huohuo aliuawa Mkamba mmoja ambaye, miaka 15 kabla ya hapo, alikuwa ameilazimisha serikali ya kikoloni ijibu swali ambalo wasomi wa ng'ambo walikuwa hawajaanza kuliuliza kwa uzito: je, ni nani anayebebeshwa hasara ili kiwanda kipate malighafi kwa bei nafuu? Mtu huyo alikuwa Samuel Muindi Mbingu wa Ngelani, Machakos.

Maisha yake hayawezi kueleweka pasipo kuielewa nchi iliyomlea. Machakos, mji uliopewa jina lake kutokana na Masaku, mwaguzi mashuhuri wa Wakamba, ulikuwa miongoni mwa vituo vya kwanza vya utawala wa Waingereza katika bara ya Kenya. Inafaa kukumbuka kwamba utawala huo haukuanza kama serikali. Ulianza kama biashara. Kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki ilipewa hati ya kifalme mwaka 1888, ikajenga kituo chake Machakos muda mfupi baadaye, na serikali ya Uingereza haikuichukua nchi mikononi mwake hadi mwaka 1895, kampuni ilipoishiwa na fedha. Kwa Mkamba wa kawaida, basi, mfanyabiashara na mtawala waliingia kwa mlango mmoja, na haikuwa rahisi kuwatofautisha. Reli ilipopita mbali na Machakos, makao ya utawala yakahamishiwa Nairobi mwaka 1899. Lakini mazoea ya kuona maslahi ya kampuni na amri ya serikali kuwa kitu kimoja hayakuhama.

Kilichofuata ni habari ya ardhi. Vilima vya Mua, pamoja na nyanda ambako Wakamba walikuwa wakilisha mifugo yao, viligawiwa walowezi. Watu wa Ngelani, waliopakana na Mua, walibaki wakitazama malisho yao ya zamani kutoka upande wa pili wa mpaka. Nyanda za Yatta nazo ziliwekewa masharti. Tume ya ardhi iliyoongozwa na Morris Carter, iliyofanya kazi kati ya mwaka 1932 na 1934, haikuiponya jeraha hiyo. Iliipa tu muhuri wa kisheria. Mifugo ileile, na baadaye mifugo zaidi, ikabanwa katika eneo dogo.

Hapo ndipo penye kiini cha mambo, nayo maana ya ng'ombe kwa Mkamba wa wakati ule yahitaji kuelezwa kwa utulivu. Ukambani ni nchi ya mvua haba. Njaa kubwa ya mwaka 1898 na 1899, ambayo Wakamba waliiita Ngomanisye kwa sababu ilienea kila mahali, iliwafunza kwamba ghala la nafaka huweza kwisha katika msimu mmoja, lakini mwenye ng'ombe ana kitu cha kubadilisha kwa chakula, hata kama ni kwa safari ya siku nyingi. Ng'ombe walikuwa akiba, walikuwa mahari, walikuwa fidia ya kumaliza uhasama, walikuwa maziwa ya mtoto. Katika Ngelani, ambako wengi walikuwa wamekwisha kubatizwa, wamejua kusoma na kuandika, na wamelipokea jembe la kukokotwa, ng'ombe walikuwa pia nguvu ya shamba. Maafisa waliozoea kuandika kwamba Mwafrika hufuga kwa ajili ya fahari ya wingi tu hawakuwa wameuliza ni nani angemlisha Mwafrika huyo mwaka ambao mvua ingekosa kunyesha.

Yapo pia yaliyosahauliwa na wale waliomlaumu mfugaji kwa kukataa kuuza. Kwa miaka mingi mifugo ya Ukambani iliwekwa chini ya karantini, kwa sababu ya magonjwa. Magonjwa hayo yalikuwepo kweli. Lakini karantini ilifanya kazi nyingine pia, nayo ni kumkinga mlowezi dhidi ya ushindani. Mkamba aliyetaka kuuza ng'ombe wake kwa bei nzuri Nairobi hakuweza. Alingoja mnunuzi amjie, na mnunuzi aliyejiwa na muuzaji asiye na pa kwenda hahitaji kuongeza bei. Baadaye, mtu huyohuyo aliyezuiwa kuuza alilaumiwa kwa kuwa na mifugo mingi mno.

Haki inadai isemwe kwamba tatizo la ardhi halikuwa uzushi. Katika miaka ya 1930 vilima vya Machakos vilikuwa vimechakaa. Ukame na nzige vilikuwa vimepita, nyasi zilikuwa zimetoweka, udongo ulikuwa unateremka mabondeni kila mvua ilipopiga, na makorongo yalikuwa yanakata mashamba. Wakaguzi wa hifadhi ya udongo waliielezea wilaya hii kama mfano wa kutisha. Mtu yeyote mwenye nia njema angekubali kwamba hatua fulani ilihitajika. Ila maradhi kuwa ya kweli hakumaanishi kwamba kila dawa inayoletwa imetengenezwa kwa ajili ya mgonjwa.

Dawa iliyoletwa ilikuwa kupunguza mifugo, na nyuma yake palisimama kiwanda. Kampuni ya Liebig ilianzishwa London mwaka 1865 ili kutengeneza dondoo la nyama kwa njia iliyobuniwa na mwanakemia Mjerumani, Justus von Liebig. Makao ya uzalishaji wake yalikuwa Fray Bentos, nchini Uruguay, na siri ya biashara yake ilikuwa nyepesi: ng'ombe wengi, wa bei ya chini kabisa. Kupata kilo moja ya dondoo kulihitaji nyama ya kilo zipatazo 30. Biashara ya namna hiyo haisimami mahali ambapo mwenye ng'ombe ana uhuru wa kukataa bei. Katikati ya miaka ya 1930 kampuni ilifanya mazungumzo na serikali ya Kenya, na mwaka 1938 kiwanda chake kikafunguliwa Athi River, kando ya reli. Walowezi wenye ranchi hawakuwa na hamu ya kuuza mifugo yao iliyonona kwa bei ya kiwanda. Ilibidi ng'ombe watafutwe kwingine, na hifadhi ya Wakamba ilikuwa karibu.

Hivyo, mwaka 1938 upunguzaji wa mifugo ukawa wa lazima. Maafisa walikadiria idadi ambayo kila eneo lingeweza kulisha, wakaigawa, wakaamua kila mfugaji abaki na wangapi. Ng'ombe waliobahatika kubaki walipigwa chapa. Waliozidi walipaswa kuuzwa, na pale mwenyewe alipokataa, walichukuliwa kwa nguvu na kupelekwa mnadani. Katika Ngelani pekee walikamatwa zaidi ya ng'ombe 2,000. Bei ilikuwa duni, kama inavyotarajiwa katika mnada ambao muuzaji hakuuitisha. Jambo lililowachoma watu zaidi ni kwamba miongoni mwa wanunuzi walikuwemo walowezi, ambao waliwachukua ng'ombe hao wakiwa hai na kuwaingiza katika mashamba yao wenyewe. Ikiwa shida ilikuwa udongo, mbona ng'ombe yuleyule aliyekuwa mharibifu kwenye kilima cha Mkamba aligeuka mali alipovuka ua wa jirani? Hakuna somo la uchumi lililohitajika ili kuona kasoro hiyo. Kila mwanamke wa Ngelani aliyeuona mnada aliiona.

Katika mazingira haya ndipo alipojitokeza Muindi Mbingu. Hakuwa chifu, wala hakuwa mzee wa baraza lililoteuliwa na serikali. Alitokana na kizazi cha watu waliobatizwa, waliojua barua huandikwaje na hupelekwa kwa nani, na waliokuwa wamechoka kusemewa na machifu ambao mshahara wao ulitoka kwa yule waliyetakiwa kumlalamikia. Mwaka huo wa 1938 yeye na wenzake, akiwemo Elijah Kavulu, Isaac Mwalonzi na Simon Kioko, waliunda chama kilichojulikana kama Chama cha Wanachama wa Ukamba. Muindi akawa kiongozi wake mkuu. Chama kilichangisha fedha, kikaandika malalamiko, kikatuma ujumbe hadi kwa Waziri wa Makoloni huko London. Kilishirikiana na viongozi wa Chama Kikuu cha Wakikuyu, ambao walikuwa na uzoefu mrefu zaidi wa mapambano ya ardhi, na kilipata msaada wa Isher Dass, mjumbe Mhindi katika Baraza la Kutunga Sheria. Jomo Kenyatta, aliyekuwa Uingereza wakati huo, aliieleza kadhia hii kwa wasomaji wa huko, na maswali yakaulizwa katika Bunge la Uingereza.

Lakini nguvu ya Muindi haikutoka kwenye barua pekee. Watu wa Ngelani walikula kiapo cha kithitu kwamba hawatatoa mifugo yao. Kithitu, kwa asiyejua, si maneno ya hadhara ya kupoza moyo. Ni kiapo ambacho Wakamba walikiogopa kuliko jela, kwa kuwa aliyekivunja aliaminika kujiletea mauti yeye na ukoo wake. Kwamba Wakristo waliosoma walikirudia kiapo hicho pamoja na jirani zao wasiobatizwa laonyesha jinsi suala lenyewe lilivyokwisha kuvuka mipaka ya dini na elimu. Na kwa upande mwingine, kithitu kilikuwa chombo cha kisheria cha Wakamba: kwacho mikataba ilifungwa na migogoro ya mali iliamuliwa. Katika hali ambapo sheria ya serikali ilikuwa imegeuka wakala wa mnunuzi, wauzaji walikimbilia sheria yao wenyewe.

Mwishoni mwa Julai 1938 Muindi aliongoza safari ambayo ndiyo inayokumbukwa zaidi. Wanaume, wanawake na watoto, wanaokadiriwa kuwa kati ya 1,500 na 3,000, waliondoka Machakos kwa miguu kuelekea Nairobi, mwendo wa kilomita zipatazo 64, ili kumwona gavana. Hawakubeba silaha. Hawakuvunja duka wala kuchoma nyumba. Walipofika mjini walipiga kambi na kungoja. Utulivu huo ndio uliowatatiza watawala kuliko fujo, maana askari hajafunzwa namna ya kumshambulia mama aliyeketi na mtoto wake akisubiri kusikilizwa. Gavana Robert Brooke-Popham, mwanajeshi wa anga ambaye miaka michache baadaye angekuwa kamanda mkuu wa Waingereza huko Singapore, hakutaka kuwapokea mjini. Nao hawakutaka kuondoka. Majuma yalipita.

Kulikuwa na jambo ambalo serikali haikulitamka kwa sauti lakini ililifikiri kila siku. Wakamba walikuwa uti wa mgongo wa jeshi la Wapiganaji wa Kiafrika wa Mfalme na wa polisi. Waitalia walikuwa wameishika Ethiopia tangu mwaka 1936, mpaka wa kaskazini ulikuwa mashakani, na Ulaya ilikuwa inanuka vita. Askari aliyekuwa zamu katika kambi ya Nairobi alijua kwamba ng'ombe wa baba yake walikuwa wamepelekwa mnadani. Hesabu ya kiwanda, iliyoonekana kuwa nzuri sana kwenye karatasi, haikuwa imeingiza gharama hiyo.

Hatimaye gavana alikubali kwenda Machakos mwenyewe mwezi wa Agosti na kuwahutubia watu katika baraza kubwa. Waandamanaji walirejea makwao. Ugomvi, hata hivyo, haukwisha. Upinzani uliendelea, na mwezi wa Septemba Muindi alikamatwa na kupelekwa uhamishoni Lamu. Serikali ilitumaini kwamba kumwondoa kiongozi kungewalegeza wafuasi. Haikuwa hivyo. Kabla ya mwaka kumalizika, upunguzaji wa lazima uliachwa. Ni nadra katika historia ya ukoloni nchini Kenya kabla ya vita kwa sera nzima kurudishwa nyuma na wanakijiji waliotembea kwa miguu, na ni nadra zaidi kwa aliyeiongoza safari hiyo kuadhibiwa na kushinda kwa wakati mmoja.

Waandishi wengi wameisoma kadhia hii kama sura ya utangulizi wa siasa za kudai uhuru, na hawajakosea. Hata hivyo, usomaji huo humfunika mhusika mmoja. Liebig haikumkamata ng'ombe hata mmoja. Haikutuma polisi, haikupiga chapa, haikumfukuza Muindi. Ilijenga kiwanda, ikataja bei, ikasubiri. Kwa mizani ya kawaida ya wakati ule mikono yake ilikuwa safi. Lakini kampuni inapojenga kiwanda ambacho hakiwezi kuendeshwa bila ng'ombe wa bei ya chini, mahali ambapo ng'ombe hao hawapatikani kwa bei hiyo pasipo kulazimishwa, shuruti inakuwa imekwisha kuingia katika mahesabu yake, hata kama mwenye kuitekeleza ni mwingine. Suala hili halijazeeka. Nguo, kahawa, madini na maua huuzwa leo na kampuni ambazo hazijawahi kumgusa mfanyakazi wa ngazi ya chini kabisa, na utetezi wao huwa uleule: sisi ni wanunuzi tu.

Inafaa pia kuepuka kumgeuza Muindi kuwa mtakatifu wa biashara huria. Hakupinga kuuza ng'ombe. Wakamba walikuwa wafanyabiashara tangu kabla ya Mwingereza kufika. Misafara yao ya pembe za ndovu ilifika pwani katika karne ya 19, na Kivoi wa Kitui, aliyefariki mwaka 1851, alikuwa tajiri aliyejulikana hadi Mombasa. Kilichopingwa Ngelani ni biashara iliyokosa uwezekano wa kusema hapana. Wala Muindi hakuwa na jibu kamili kwa suala la udongo. Chama chake kilidai ng'ombe na malisho; namna ya kuponya vilima hakikuwa kimeipanga kwa kina, na huo ni upungufu wa kweli katika madai yake, ingawa si rahisi kumtarajia mtu apange kilimo cha miaka 20 ijayo huku zizi lake likiwa linavunjwa.

Jibu hilo lilikuja baadaye, kwa njia ambayo maafisa wa 1938 hawakuitabiri. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia serikali ilianzisha mpango mkubwa wa hifadhi ya ardhi, nao mwanzoni uliendeshwa kwa shuruti na ukachukiwa. Ulishika kasi katika miaka ya 1950 kazi ilipofanywa kupitia mwethya, vikundi vya jadi vya kusaidiana ambavyo wanachama wake, wengi wao wanawake, walijichagulia viongozi. Matuta yalichimbwa kilima baada ya kilima. Utafiti wa Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki, uliochapishwa mwaka 1994, ulionyesha kwamba idadi ya watu katika iliyokuwa wilaya ya Machakos iliongezeka zaidi ya mara tano tangu miaka ya 1930, na bado mmomonyoko ulipungua na mavuno yakaongezeka. Watafiti hao walitaja miongoni mwa sababu kuu kufunguliwa kwa masoko. Mkulima aliyeweza kuuza alichokitaka, kwa mnunuzi aliyemtaka, aliona faida ya kuitunza ardhi yake.

Chama cha Muindi hakikudumu kuyaona hayo. Mwezi wa Mei 1940, vita vikiwa vimeanza, kilipigwa marufuku pamoja na Chama Kikuu cha Wakikuyu na chama cha Wataita. Kiwanda cha Athi River kwa upande wake kilipata neema ya vita: jeshi lilihitaji nyama, na mifugo ya wafugaji wa Kenya ikakusanywa kupitia idara maalumu ya udhibiti. Wafugaji wa sehemu nyingine walitozwa kile ambacho Ngelani ilikuwa imekataa kukitoa. Mwaka 1950 iliundwa Tume ya Nyama ya Kenya, na kiwanda kikawa chini yake. Tume hiyo ilipitia misukosuko mingi, ikafungwa katika miaka ya 1990 na kufunguliwa tena mwaka 2006, ikiwa papo hapo Athi River, ambapo leo ni sehemu ya Kaunti ya Machakos.

Muindi mwenyewe alirudi kutoka Lamu mwaka 1946, baada ya miaka inayokaribia minane. Alirejea katika Machakos iliyojaa askari waliotoka Burma na Uhabeshi wakiwa na malipo yao, maduka mapya na madai mapya; vijana ambao hawakuwa wameenda Nairobi kwa miguu mwaka 1938 walikuwa sasa wanaume. Hali ya Hatari ilipotangazwa mwezi wa Oktoba 1952, wale waliokuwa na sifa kama zake walijikuta katikati ya pande zisizovumiliana. Aliuawa mwaka uliofuata, miaka kumi kabla ya uhuru.

Baada ya uhuru, barabara iliyoitwa Stewart katikati ya Nairobi ilipewa jina lake. Hupita kando ya bustani ya Jevanjee na Soko la Jiji, ambamo wauza nyama hupanga bidhaa zao tangu alfajiri, na mteja asiyeridhika na bei ya meza moja husogea hadi meza ya pili.